Mwalkemia wa chai: mpe sheria za jikoni kabla hujampa uchawi

Hadithi nyingi za kufikirika zenye fundi wa chai huanza vilevile: jani linatupwa kwenye birika, moshi wa zambarau unapanda, mgonjwa anaamka. Msomaji wa Arusha au Moshi, aliyezoea kubandika sufuria alfajiri, haamini. Anajua kwamba chai ina masharti, na ukiyavunja inakuumbua mbele ya wageni. Kwa hiyo, ukiwa mwandishi wa hadithi kama hizo, mpe mwalkemia wako, yaani huyo fundi wa chai mwenye uchawi, masharti hayo hayo, halafu ongeza ya kwako juu yake. Karibu yote yanapatikana kwenye jiko lako.

Anza na rangi, kwa sababu ndiyo mazingaombwe ya kweli. Chukua choya (wengine huiita rozela), gramu 5 za maua makavu kwa mililita 250 za maji yaliyochemka. Funika dakika 10, chuja, gawa kwenye glasi tatu. Ya kwanza iache ilivyo. Ya pili tia kijiko kimoja cha chai cha maji ya limau: wekundu unang'aa zaidi. Ya tatu tia magadi kidogo sana, yale yale ya makande, chembe zinazokaa kwenye ncha ya kisu: wekundu unageuka zambarau, na ukiongeza unaelekea bluu na kijani. Sasa mimina limau kwenye glasi ya magadi. Povu linapanda na wekundu unarudi. Lakini ukichelewa, hasa maji yakiwa bado ya moto, rangi inavunjika na kuwa kahawia, na limau haliwezi tena kuirudisha yote. Ona zawadi uliyopewa hapo: uchawi unaotenguka, wenye muda wake wa mwisho. Glasi hiyo ya magadi usiinywe.

Chai ya rangi nayo ina tabia zake. Limau huifanya iwe nyepesi, magadi huifanya iwe nzito na ya giza. Chuma ni kisa kingine. Laza msumari wenye kutu ndani ya siki usiku kucha, kisha dondoshea matone machache ya siki hiyo kwenye chai iliyokolea. Inageuka nyeusi kama wino, na kweli ni wino, kwa kuwa tanini ya majani, ile inayoipa chai ukakasi, imeshikana na chuma. Hiyo pia ni ya kutazama tu. Ndiyo maana chai iliyopikwa kwenye chombo kilichoshika kutu hupoteza wekundu wake na kuwa na weusi. Mwalkemia anaweza kutumia chai kutambua chuma kwenye kisima cha kijiji, bila kifaa chochote. Tanini hiyo hiyo hushika pia chuma cha chakula tumboni, hasa cha maharage na mboga za majani, kwa hiyo mnywaji wa chai nzito kila mlo analipa gharama asiyoiona. Dawa isiyo na gharama huchosha kusoma.

Tangawizi na maziwa ndipo mafundi wengi wa kwenye karatasi hukosea. Tangawizi mbichi ina kimeng'enya, yaani protini inayovunja protini za maziwa, kinachoyakata maziwa. Ukiitwanga na kuitupa kwenye maziwa ya vuguvugu, yanaganda mabonge, na msomaji aliyewahi kupika chai ya maziwa ataliona kosa lako mara moja. Njia sahihi: tangawizi kipande cha gramu 10 kwenye mililita 250 za maji, ichemke dakika 5 nzima ili moto ukiue kimeng'enya, tia majani kijiko kimoja na nusu cha chai, ndipo uweke maziwa mililita 250 na kuyaacha yachemke. Iliki tatu zilizopondwa ziingie na tangawizi. Karafuu moja inatosha. Mbili zinafunika kila kitu.

Mwinuko usiusahau, maana tunaishi chini ya milima. Kila ukipanda mita 300 hivi, maji huchemka kwa joto pungufu kwa nyuzi 1. Moshi mjini ni karibu nyuzi 97, Arusha karibu 95, na mlimani kwenye kambi ya Kibo, zaidi ya mita 4,700, ni karibu 85. Maji yanatokota kwa kelele zote lakini chai haikolei, na kuchochea moto hakusaidii. Fundi wako akipanda mlima na kipimo chake cha bondeni, dawa itatoka nyepesi. Lazima aongeze majani, aongeze dakika, au abebe chungu chenye mfuniko wa kubana mvuke.

Majani yenyewe usiyaoteshe kwenye miteremko ya Kilimanjaro kwa mazoea ya jina la mlima. Hii ni nchi ya kahawa na migomba. Chai hutoka Usambara, Mufindi, Njombe na Rungwe, kwa hiyo fundi wa huku huipata kwa msafara, na msafara ni kisa kizuri.

Kiini cha yote ni maji. Kwenye barabara ya Arusha kwenda Moshi kuna Maji ya Chai, jina lililotokana na rangi ya mto wake, na maji ya ukanda huo wa Meru yana madini ya floraidi kwa wingi, yanayoacha meno ya watoto na madoa ya kahawia. Kuchemsha hakuiondoi floraidi hiyo. Maji yanapungua, floraidi inabaki, inakuwa kali zaidi. Kinachoishika ni mkaa wa mifupa ya ng'ombe, uliochomwa kwa hewa kidogo. Usipoiva, maji yananuka; ukiungua hadi kuwa mweupe, nguvu yake imekwisha. Nao huchoka kwa matumizi, na siku umechoka maji hutoka masafi kama jana, ladha ile ile. Ulimi wa fundi hautamwambia kitu. Mpe daftari la kuhesabu ndoo zilizopita tangu mkaa ubadilishwe, halafu mwache mwanafunzi wake asahau kuandika siku tatu.