Muziki hauzibi sauti chafu

Ukisikia kinanda kikivuma chini ya kila mazungumzo tangu mwanzo wa filamu hadi mwisho, usidhani mtunzi alikuwa na mengi ya kusema. Mara nyingi anaficha mvumo wa feni. Na muziki ukinyamaza tu, feni inarudi, safari hii kila mtu anaisikia.

Dawa yake ni dakika moja ambayo wengi huiruka kwa sababu wamechoka na gari limeshawashwa: kurekodi ukimya wa chumba. Shoti ya mwisho ikipita, mtu asitoke. Taa ziendelee kuwaka, maiki ibaki ilipokuwa, kiwango cha kurekodi kisiguswe, waigizaji na mafundi wakae palepale, maana miili ya watu hunywa sauti na chumba kitupu huvuma tofauti. Kisha kimya, sekunde 60. Kumi hazitoshi: mmoja atakohoa, kiatu cha mwingine kitalia, na kipande cha sekunde 4 kikirudiwarudiwa, sikio hukinasa kama mdundo.

Tuseme mama alipigwa picha asubuhi, binti anayemjibu akapigwa saa kumi jioni bodaboda zikipita. Kila mkato, mvumo wa nyuma unaruka. Fundi sauti hulaza ukimya uleule chini ya wote wawili, na huo huo huziba pengo kila anapofuta kikohozi.

Feni na friji zizimwe mapema. Funguo za gari ziweke ndani ya friji. Hutaondoka ukaiacha nyama ya wenye nyumba ioze. Kwenye mipangilio ya kinasa sauti chagua kilohezi 48 na biti 24, vilele vya mazungumzo vicheze karibu na desibeli -12. Vikigonga 0, ambayo ndiyo kikomo, sauti inapasuka, na mpasuko hausafishiki vizuri.

Mtunzi wa muziki apewe picha iliyokwisha kuhaririwa. Ukipunguza sekunde 2 baadaye, kwa fremu (picha moja moja) 25 kila sekunde ni fremu 50, na pigo la ngoma lililolenga mlango kubamizwa linachelewa. Fidla na nai pia hugombea nafasi na sauti ya mtu. Chini ya maneno afadhali besi.

Akija mnunuzi wa filamu anayetaka kuingiza lugha yake, ataomba muziki na vishindo bila maneno. Hapo wengi hukwama, kwa sababu nyayo, kikombe na kiti vilinaswa na maiki ileile ya maneno: ukiyafuta maneno, vinakwenda nayo. Inabidi mtu aingie studio, atazame picha na kuvitengeneza upya: viatu juu ya sinia la mchanga, vifuu viwili vya nazi kwa kwato za farasi. Kisha nguo, ambazo wengi huzisahau. Kanga husuguliwa sentimita 30 hivi kutoka kwenye maiki kila mwigizaji anapogeuka au kuketi. Ukiisikiliza peke yake ni kama panya ndani ya gunia. Ilaze chini kabisa, huisikii. Izime sasa: mwigizaji anakuwa picha ya ukutani.