Pelau ya Trinidad: rangi ni ya sukari, si ya kitunguu

Swali la wiki hii: pelau ya Trinidad, kisiwa cha Karibiani, ule wali wa kuku na mbaazi wa sufuria moja, hupikwaje, na kwa nini wengi tukiijaribu hutoka chungu au hugeuka bokoboko?

Tuanze na uchungu. Aliyezoea pilau ya pwani mkono wake huenda wenyewe kwenye kitunguu, akikaange mpaka kiwe kahawia, maana ndicho kinachotia rangi. Kwenye pelau kazi hiyo ni ya sukari iliyounguzwa ndani ya mafuta, mtindo wa Kikreoli, yaani wa wenyeji wenye asili ya Afrika na Ulaya, wa visiwa vya Karibiani. Kitunguu huja baadaye, tena kilainike tu. Ukiunguza vyote viwili, uchungu umeutafuta mwenyewe.

Tumia sufuria nzito. Mafuta vijiko 2 vya chakula, sukari ya kahawia vijiko 3, moto wa kati. Sukari itayeyuka, itakuwa rangi ya asali, kisha itafura mapovu na kukolea kama kahawa chungu ya kwenye dele. Mapovu yakiwa yamepanda na moshi mwembamba ndio kwanza unaanza, tia kuku. Ukichelewa sekunde chache tu, imekwisha. Ukiwahi sana, wali hutoka mtamu na umepauka. Ikishakuwa nyeusi tititi na moshi unawasha macho, mwaga, osha sufuria, anza upya. Hakuna kiungo cha kuuficha uchungu huo.

Kuku awe kilo 1 na nusu, na mifupa yake, vipande vidogo, aliyelala na chumvi na majani yaliyosagwa: kotmiri, vitunguu majani, thaimu na kitunguu saumu. Trinidad hutumia chadon beni, jani refu lenye meno pembeni na harufu kali kuliko kotmiri. Kwetu zidisha kotmiri. Kabla hajaingia kwenye sukari, mkung'ute majani yote na umchuje maji. Majani yakiungua huleta uchungu wa pili, ambao watu huusingizia sukari. Maji nayo huirusha sukari moto mikononi, na nyingine huganda mawe chini ya sufuria. Geuza vipande dakika 7 hadi 10 mpaka vyote vishike rangi, ndipo urudishe yale majani pamoja na kitunguu maji 1 na karoti 1.

Pelau si ya Kikreoli tu, ina Uhindi pia. Uko wapi humu? Kwanza kwenye jina lenyewe, ndugu wa pilau. Wahindi wa mkataba, vibarua walioletwa kufanya kazi mashambani, walianza kufika Trinidad tarehe 30 Mei 1845 kwa meli ya Fatel Razack, na vyakula vyao vikaingia kwenye vyungu vya kisiwa kizima. Wengine huongeza jira, ambayo kule huitwa geera. Nusu kijiko cha chai cha iliyokaangwa kavu na kusagwa kinatosha. Mdalasini, iliki na karafuu viache kwenye pilau yako. Vitaimeza ile harufu ya sukari, na utakuwa umepika pilau yenye mbaazi.

Mbaazi ziwe vikombe 1 na nusu, zilizokwisha chemshwa. Kavu ziloweke usiku kucha, zichemshe mpaka zibonyee kwa vidole bila kupasuka. Ukizitia mbichi, wali utaiva kabla yake. Boga, vipande vya ukubwa wa kisanduku cha kiberiti, kikombe 1.

Bokoboko hutoka kwenye hesabu ya maji. Kwa vikombe 2 vya mchele mrefu uliochemshwa na maganda yake kiwandani, weka tui kikombe 1 na maji vikombe 2. Kuku na boga vitaongeza vyao. Kwa mchele wetu wa kunukia, wa Kyela au pishori, punguza maji yawe kikombe 1 na nusu, maana hulainika upesi. Tui liwe la wastani. Kasimile tupu hushika chini kabla wali haujaiva. Koroga mara moja tu wakati wa kutia mchele, mbaazi na boga, onja chumvi, weka pilipili mbuzi nzima juu, na kikonyo chake. Ikichemka, funika, moto mdogo kabisa, dakika 20 hadi 25. Mwiko usiingie tena: boga litavurugika, na pilipili ikipasuka wageni watashindia maji.

Toa pilipili kwanza, pumzisha dakika 10, ndipo upakue. Watrinidad wenyewe hawakubaliani kama iwe kavu ya kuchambuka au ya majimaji kidogo. Ya majimaji kidogo ndiyo tamu zaidi, kwa kuwa mbaazi hubaki laini. Ukoko wa chini wanauita bun-bun, na hugombewa kama kwetu. Pembeni weka kachumbari ya kabichi na kipande cha parachichi. Kinachobaki kiingie kwenye friji mapema. Chakula cha tui huchacha upesi.