Kama kila kitu kina chanzo, Mungu naye alitoka wapi?

SWALI: Tumsifu Yesu Kristo, Padre. Mimi ni mwanafunzi wa mwaka wa pili chuoni, na ninaishi chumba kimoja na kijana asiyeamini. Siku moja nilimpa hoja niliyoishika tangu mafundisho ya kipaimara: kila kitu kina chanzo, kwa hiyo ulimwengu nao una chanzo, na chanzo hicho ni Mungu. Akacheka, akaniuliza, "Na Mungu chanzo chake nani?" Nikakosa la kusema. Nikatafuta hoja ya Mtakatifu Anselmi, nikaona ni mchezo wa maneno tu. Tangu hapo nikisali ni kama ninaongea na dari. Je, ni dhambi kujiuliza mambo haya? Na hoja hizi za kale bado zina uzito?

JIBU: Milele na milele, amina. Mwanangu, nianze na la kukuudhi kidogo: mwenzako amekushinda kihalali. Ukishasema "kila kitu", hujamwacha Mungu nje, na swali lake linafuata lenyewe. Ila sentensi hiyo si ya Mtakatifu Thoma wa Akwino. Sijui nani aliiingiza kwenye mafundisho yetu, lakini imewaangusha vijana wengi.

Thoma, Mdominiko wa karne ya 13, katika Summa Theologiae, kitabu chake kikuu cha teolojia, aliandika jambo jembamba zaidi: kinachosogezwa, kinasogezwa na kingine. Mfano wake ni fimbo. Fimbo inasogea kwa sababu mkono unaisogeza; mkono ukitulia, fimbo nayo imetulia. Angalia vizuri hapo. Hasemi mkono uliisukuma fimbo jana ikaendelea kwenda yenyewe. Anasema sasa hivi, wakati fimbo inasogea.

Nikupe nililoliona kwa macho. Kwenye semina ya vijana parokiani, simu zaidi ya kumi zilichomekwa kwenye ekstensheni, nayo ikachomekwa kwenye ekstensheni nyingine, na hiyo kwenye nyingine, nyaya zikapita chini ya mabenchi mpaka nyuma ya ukumbi. Hakuna simu iliyoingia chaji. Kijana mmoja akainama, akaufuata waya kwa mkono, akakuta ekstensheni ya mwisho imechomekwa kwenye yenyewe! Watu walicheka sana. Basi hoja ya Thoma iko hapo. Ongeza ekstensheni mia, ongeza zisizo na mwisho, moto hautapatikana, kwa sababu hakuna hata moja yenye moto wake. Kila moja inapitisha ilichopokea. Simu ikiingia chaji, ujue mahali fulani kuna kitu ambacho hakikuazima.

Kwa hiyo ukiuliza "Mungu naye kachomekwa wapi?" unamhesabu kama ekstensheni moja zaidi, tena ndefu kuliko zote. Thoma anazungumzia kisichopokea kwa yeyote. Mwenzako anaweza kukataa kwamba kitu cha namna hiyo kipo. Hapo mjadala ni halali na unaweza kuwachukua usiku mzima. Lakini swali lake la kwanza halimgusi Thoma.

Wengi hushangaa nikiwaambia kwamba Thoma hakudhani akili peke yake inaweza kuthibitisha kuwa ulimwengu ulikuwa na siku ya kwanza. Hilo, alisema, tunalijua kwa imani. Kwa hiyo hata wanasayansi wakisema nini kuhusu mlipuko mkuu wa mwanzo, hoja yake haitikisiki, kwa sababu haikusimama juu ya kalenda. Kwake Mungu ni "wa kwanza" kama anayeimba alivyo wa kwanza kwa wimbo: akinyamaza, hakuna wimbo. (Mengine katika hoja zake yana deni kubwa kwa Ibn Sina, mwanafalsafa Mwislamu aliyemtangulia kwa zaidi ya miaka 200, na Thoma hakuona haya kujifunza kwake.)

Kuhusu dhambi. Fungua Summa, sehemu ya kwanza, swali la 2, kifungu cha 3. Kabla hajatoa njia zake tano za kuthibitisha kwamba Mungu yupo, Thoma anaanza kwa kumtetea asiyeamini: yaonekana Mungu hayupo. Anampa sababu mbili. Ya kwanza, kama kungekuwa na wema usio na mipaka, uovu usingeonekana duniani, na uovu upo. Ya pili, mambo ya asili na utashi wa binadamu vinatosha kueleza yote. Miaka 750 na zaidi imepita na mwenzako hajapata zilizo kali kuliko hizo. Kitabu hicho kiliandikwa kwa ajili ya wanaoanza kusoma teolojia, vijana kama wewe. Kama kuuliza kungekuwa dhambi, Thoma angekuwa amewafundisha kutenda dhambi ukurasa kwa ukurasa.

Wala usidhani bibi yako aliyesali rozari maisha yake yote bila kusikia neno "hoja" ana imani pungufu. Thoma huyohuyo anasema asiyeweza kufuata uthibitisho hazuiliwi kulipokea jambo hilo kwa imani.

Sasa Anselmi. Akiwa mmonaki wa Bec, Normandy, mnamo 1077 au 1078, aliandika Proslogion: Mungu ni yule ambaye hakuna kikubwa kuliko yeye kinachoweza kufikiriwa, aliye akilini tu angekuwa mdogo kuliko aliye kweli, basi yupo kweli. Hujakosea kushtuka. Gaunilo, mmonaki wa Marmoutier, naye alishtuka, akaandika kumtetea yule mpumbavu wa Zaburi ya 14 asemaye moyoni hakuna Mungu. Kwa njia hiyo, alisema, naweza kuthibitisha hata kisiwa kizuri kuliko vyote. Anselmi alimjibu, kisha akaagiza pingamizi na jibu vinakiliwe pamoja na kitabu chake. Thoma naye aliikataa hoja hiyo, na mimi niko upande wa Thoma.

Ila "mchezo wa maneno" sikubali. Proslogion ni sala tangu mwanzo. Sura ya kwanza nzima ni malalamiko ya mtu anayemtafuta Mungu asimwone: sijakuona kamwe, Bwana Mungu wangu, uso wako siujui. Huyo baadaye alikuwa Askofu Mkuu wa Canterbury, na leo ni mwalimu wa Kanisa, na siku hiyo alikuwa anaongea na dari kama wewe. Isome jioni moja badala ya sala zako za kawaida. Kisha msomee mwenzako ile ya Gaunilo, nadhani ataipenda.