Ziran: ni maumbile, ni asili, au ni "yenyewe"?

SWALI: Mwalimu, shikamoo. Ninaandika tasnifu ya falsafa kwa Kiswahili kuhusu Zhu Xi na wenzake, wale wanafikra wa China wanaoitwa wa Ukonfusio Mpya. Kuna neno moja linanitoa jasho: ziran. Vitabu vya Kiingereza ninavyosoma vinalifasiri kwa neno ambalo kamusi zetu zinanipa "asili" au "maumbile". Nimeandika: "Kwa Zhu Xi, wema ni maumbile." Mwenzangu anasema niandike "uasilia". Msimamizi wangu ameweka alama ya kuuliza pembeni bila maelezo. Neno fasaha ni lipi?

JIBU: Marahaba. Alama hiyo ya kuuliza ilistahili kuwepo, ingawa sentensi yako kisarufi haina kasoro. Umetafuta jina la kitu mahali ambapo Wachina hawakutaja kitu.

Tulifungue neno lenyewe. Ziran ni herufi mbili za Kichina. Zi ni "nafsi", "-enyewe". Ran ni "hivyo", "ndivyo". Ukiziweka pamoja unapata "hivyo yenyewe": jambo liko vile lilivyo pasipo kingine kulifanya liwe vile. Ni neno linaloeleza namna, kama vielezi vyetu, kabla halijawa jina la chochote. Leo Mchina akisema ziran anaweza kukusudia misitu, mito na wanyama, na sayansi asilia anaiita ziran kexue. Lakini maana hiyo imeshika nguvu katika zama za karibuni, Wajapani na Wachina walipokuwa wakitafsiri vitabu vya Ulaya. Zhu Xi, aliyezaliwa 1130 na kufariki 1200, alipoliandika neno hili hakuwa akiwaza msitu.

Sasa tulipime "maumbile". Limetoka kwenye kitenzi umba. Palipo na maumbile pana kuumbwa, na palipo na kuumbwa pana Muumba. Sikio la Mswahili linaisikia hiyo -umb- hata mwenyewe asipoifikiria. Ndiyo maana mtu akisema "ni maumbile yake" mjadala hufungwa: kaumbwa hivyo, umlaumu nani? Zi ya ziran inakwenda upande mwingine. Inakuambia usimtafute fundi nyuma ya jambo. Tena katika maneno ya kila siku maumbile ni umbo la mwili, na kwa tafsida ni sehemu za siri. Msomaji atakayekutana na "wema ni maumbile" bila maandalizi atasita.

Wasomaji wako Waislamu watafikiria fitra, ile hali aliyoumbwa nayo mtu, na hawatakuwa mbali. Hadithi inayosema kila mtoto huzaliwa katika fitra ina undugu na fundisho la Mencius, mwanafikra wa kale wa Ukonfusio, kwamba mtu huzaliwa na chembe za wema. Hata Waislamu wa China waliuona udugu huo: mwanzoni mwa karne ya 18, Liu Zhi wa Nanjing aliandika kitabu kizima cha itikadi ya Kiislamu kwa msamiati wa hao hao Wakonfusio. Lakini fitra nayo ni neno la kuumbwa, na ukiliazima utakuwa umeazima na imani yake. Liu Zhi alikuwa na haki ya kufanya hivyo kwa kuwa alikuwa akieleza Uislamu. Wewe unamweleza Zhu Xi.

"Asili" ni gumu zaidi kulikataa kwa sababu ni neno zuri na tumelizoea. Angalia linavyotumika. "Asili yake ni Pangani." "Dawa za asili." "Ngoma ya asili." Linatazama nyuma, shina lilipo, na kila mara kuna mwenzake anayepingwa kimyakimya: cha kisasa, cha kiwandani, cha bandia. Asili ni kile ambacho mkono wa mtu haujakigusa, au haujakiharibu. Hapo ndipo "uasilia" wa mwenzako unapokuangusha, kwa sababu mpaka huo baina ya kilichoguswa na kisichoguswa ndio hasa watu hawa waliuvunja.

Nikupe mfano wao wenyewe. Katika kitabu cha Zhuangzi, cha wale wa Dao (yaani "Njia"), mkondo mwingine wa fikra za China ya kale, kuna maneno mashuhuri kwamba ng'ombe na farasi kuwa na miguu minne ni kazi ya Mbingu, bali kumtia farasi lijamu na kumtoboa ng'ombe pua ni kazi ya mtu. Kwa maneno yetu: miguu ni asili, lijamu si asili. Cheng Hao (1032–1085), mmoja wa waasisi wa mkondo unaouandikia, hakukubali. Alisema tunamfunga ng'ombe jembe na kumpanda farasi kwa kuifuata hali ya kila mmoja wao. Kwa nini hatumpandi ng'ombe tukamfunga farasi? Kwa sababu li haikubali. (Li ni ule mpangilio ulio ndani ya kila jambo unaolifanya liwe lilivyo; nakushauri uiache kama ilivyo na uieleze mara moja mwanzoni.) Kwa hiyo mtu anapomtumia mnyama sawasawa na alivyo, kazi ya mkono wake nayo inaingia ndani ya ziran. Mwite huyo ng'ombe wa jembe "wa asili" uone Kiswahili kinavyogoma.

Kuna sababu nyingine ya kutolimaliza neno "maumbile" hapa. Utalihitaji. Wanafikra hawa wana neno jingine, xing, ambalo ndilo linalotaja alichozaliwa nacho kiumbe, na Cheng Yi, mdogo wake Cheng Hao, ana kauli fupi ambayo tasnifu yako haiwezi kuikwepa: xing ndiyo li. Ukishaliweka "maumbile" kwenye ziran, xing utaiita nini? "Tabia" zamani ingefaa, na katika "tabianchi" bado inabeba maana yake ya kale, lakini leo mtu akisikia tabia anawaza mwenendo, mzuri au mbaya. "Hulka" inawezekana. Mimi ningeipa xing "maumbile" au "hulka", nikaeleza tahadhari niliyokutajia ya ile -umb-, na nisiiguse ziran kwa neno lolote kati ya hayo.

Basi ziran tuifanyeje? Aliyenisaidia mimi ni mwanafunzi wa Zhu Xi aitwaye Chen Chun, mtu wa Zhangzhou katika Fujian, aliyezaliwa 1159. Huyu alikuwa na moyo wa mwanaleksikografia. Aliacha kitabu kinachochambua neno moja moja msamiati wa mwalimu wake. Katika barua kwa Zhu Xi alisema kwamba li ina pande nne na zote zishikwe pamoja: nengran, biran, dangran, ziran. Zhu Xi alimjibu kwamba amelikamilisha jambo. Zisome kwa sauti usikie: zote zinaishia na ran. Ni neno "hivyo" limetanguliwa na vitu vinne tofauti. Na Kiswahili kinaweza kulifuata hilo bila kuvunjika mgongo:

yaweza kuwa hivyo. Haina budi kuwa hivyo. Yapasa kuwa hivyo. Huwa hivyo yenyewe.

Chen Chun anazieleza kwa kisa cha Mencius ambacho kila msomi wa China alikijua kwa moyo. Mtoto mchanga anatambaa kuelekea kisimani na yu karibu kutumbukia. Yeyote amwonaye hushtuka moyo. Si kwa kutaka kujipendekeza kwa wazazi wake, si kwa kutafuta sifa mtaani, wala si kwa kuchukia kelele za kilio. Moyo wa mtu waweza kuona huruma: hiyo ni ya kwanza. Akimwona mtoto yule, hana budi kuiona: ya pili. Yampasa kuiona, na asipoiona ameukosa utu: ya tatu. Na huruma yenyewe inapokuja, inakuja bila hata unywele mmoja wa hila ya mtu kuingizwa ndani yake. Ya nne ndiyo ziran.

Hapa naomba utulie, maana ndipo sura yako nzima ilipo. Sisi tumezoea kuvitenga "yapasa" na "huja yenyewe". Kinachopasa ni mzigo. Kinachokuja chenyewe ni raha. Kwa Zhu Xi ni jambo lile lile limetazamwa mara mbili. Ukiandika "maumbile" unabaki na upande mmoja tu, na msomaji atadhani Zhu Xi amewaambia watu waishi wapendavyo.

Kiswahili chetu kina chombo kingine ambacho wanafunzi wengi wanakisahau. Ni ile ji- ya kujirejelea ikiungana na kauli ya kutendea. Mpapai umejiotea nyuma ya jiko. Maji yanajiendea. Huo "mpapai umejiotea" una zi na ran ndani yake kuliko "uasilia" wote wa kamusi: hakuna aliyepanda, hakuna aliyeamrisha, na upo. Tumia vitenzi. Lakini chagua, kwa sababu chombo hiki kina pembe ya uzembe. "Amejikalia tu" ni lawama. Na mpapai uliojiotea ndio huo huo ambao hakuna anayeupalilia.

Mencius ana neno na watu wa namna mbili shambani. Mmoja ni yule wa nchi ya Song aliyeona miche yake haikui upesi, akaenda akauvuta mche mmoja mmoja ili urefuke, akarudi nyumbani hoi akisema leo nimeisaidia miche ikue. Mwanawe akakimbia kutazama, akaikuta miche imenyauka. Mwingine ni yule asemaye kazi haina faida, akaacha kupalilia. Wakonfusio hawa wa baadaye walikishika kisa hiki kwa mikono miwili: usisahau, wala usisaidie kukua. Ziran yao iko kati ya wakulima hao wawili. Ndiyo maana Cheng Hao, akimwandikia mwanafikra mwenzake Zhang Zai, alitaja vitu viwili vinavyoiharibu: ubinafsi, na kutumia werevu. Hakutaja kazi wala kujifunza.

Karne tatu baada ya Zhu Xi, Wang Yangming (1472–1529) aligombana naye kwa mengi, ila neno hili walibaki nalo wote. Wang anasema moyo hujua wenyewe: ukimwona baba unajua wenyewe heshima ya mwana, ukimwona mtoto akielekea kisimani unajua wenyewe huruma. Na mmoja wa waliofuata nyayo zake, Luo Rufang, katika mazungumzo na wanafunzi, alimnyooshea kidole kijana aliyekuwa akipita na vikombe vya chai akasema huyu mbeba chai ndiye Dao. Mfikirie huyo kijana. Amebeba sinia, anavuka kizingiti, hamwagi, wala hajiambii "nisimwage". Watu wa Luo Rufang waliutegemea sana mfano huu, pengine kupita kiasi. Zhu Xi angeuliza kijana yule alifundishwa na nani kushika sinia.

Mimi nikiusoma namwona bibi yangu akisuka ukili. Anazungumza, anacheka, anamkaripia mtoto anayechezea miyaa, na vidole vyake vinajiendea. Ukimwuliza sasa unapitisha upi juu na upi chini, anasimama, anakosea, anakwambia usiniulize. Hakuzaliwa na ukili mikononi. Alifunzwa, alifumuliwa alichosuka mara nyingi, na ndipo ikaja "yenyewe". Confucius alisema kwamba alipofika miaka 70 aliweza kufuata moyo wake utakako bila kuvuka mpaka. Ziran ya Zhu Xi ipo mwanzoni, kwa mtu anayemwona mtoto kisimani, na ipo tena huko mwishoni, baada ya miaka ya kazi. "Asili" inaitaja ile ya mwanzo tu.

Turudi kwenye sentensi yako. "Kwa Zhu Xi, wema ni maumbile" iandike: "Kwa Zhu Xi, wema humjia mtu wenyewe, na hilo linalomjia ndilo linalompasa." Ni ndefu zaidi, lakini msimamizi wako hataweka alama. Unapokutana na ziran kama kielezi, tumia "-enyewe" pamoja na kitenzi, au "bila kulazimishwa", kulingana na muktadha. Unapokutana na ile kauli ya Laozi, kitabu kingine cha wale wa Dao, kwamba Dao hufuata ziran, usithubutu kuandika "Dao hufuata maumbile", maana utakuwa umempa Dao bwana juu yake. Andika "Dao hufuata vile ilivyo yenyewe". Na unapohitaji jina hasa, kwa mfano kwenye kichwa cha sura, liache ziran kama lilivyo, ulitie katika ngeli ya i-/zi-: ziran hii, ziran ya Cheng Hao. Lieleze mara moja ukurasa wa kwanza kwa maneno "hali ya kuwa hivyo yenyewe", kisha liache lizoeleke.

Kuhusu "Ukonfusio Mpya", si kosa, ila "mpya" huyo ana takriban miaka 1,000. Wachina wenyewe huuita lixue, elimu ya li. Ongeza tanbihi moja ili asije mtu akadhani unaandika juu ya watu wa leo.