Fedha za mtoto mwigizaji zisipitie mkononi mwa mtu wa nyumbani

Swali lenu la wiki hii liliuliza iwapo malipo ya mtoto anayeigiza filamu ni mali yake, au ni mali ya wazazi waliomlea na kumpeleka kazini. Jibu langu ni kwamba ni mali yake, na kwamba sehemu ya malipo hayo inapaswa kuwekwa kando siku ileile yanapotolewa, hata kama mzazi anayehusika ni mwema kuliko wazazi wote wa Uganda. Ninasisitiza mzazi mwema kwa sababu ya yaliyomfika Jackie Coogan, mtoto mwigizaji wa Marekani.

Coogan alizaliwa Los Angeles mwaka 1914 katika familia ya wasanii wa jukwaani. Mchekeshaji wa filamu Charlie Chaplin alimwona akitumbuiza, akamchukua, na filamu ya The Kid ilipotoka mwaka 1921 mtoto huyo wa miaka sita akajulikana dunia nzima. Inakadiriwa kwamba katika utoto wake alichuma kati ya dola milioni 3 na milioni 4. Aliyezisimamia ni baba yake, na maadamu baba alikuwa hai, mambo yalikwenda bila malalamiko. Mwezi Mei 1935 baba huyo alikufa katika ajali ya gari, ajali ambayo Jackie peke yake ndiye aliyenusurika kati ya wote waliokuwamo. Miezi michache baadaye kijana akatimiza miaka 21, akitarajia kukabidhiwa chake, na hakukabidhiwa. Mama yake aliolewa na Arthur Bernstein, msimamizi wa biashara za familia, na wawili hao wakashikilia kwamba mapato yote ya mtoto ni ya wazazi. Linaloudhi zaidi ni kwamba sheria ya California ya wakati huo ilikuwa upande wao. Coogan alikwenda mahakamani mwaka 1938, na katika utajiri ule wote akaambulia takriban dola 126,000.

Wengi hukisimulia kisa hiki kumlaani mama na baba wa kambo, nami siwatetei. Hata hivyo, naona kosa lilianza mapema zaidi, katika miaka ile ya raha, pale mali ya mtoto ilipolindwa na uaminifu wa mtu mmoja tu, bila hati wala akaunti yenye jina la mtoto. Mtu hufa, mjane huolewa tena, na ndugu hujitokeza na madai yao. Familia gani hapa kwetu haijayaona hayo kwenye mirathi ya shamba?

Coogan mwenyewe hakukunja mikono. Mwaka 1944, katika Vita vya Pili vya Dunia, alikuwa rubani wa ndege zisizo na injini zilizowateremsha askari wa Uingereza nyuma ya Wajapani huko Burma, nchi ileile ambako mwaka huohuo vijana wa Uganda walikuwa wakipigana katika Keya (King's African Rifles, jeshi la Waingereza la Afrika Mashariki), na miaka ya 1960 watazamaji wa televisheni walimpenda upya akiwa mjomba mwenye upara katika The Addams Family. Alifariki mwaka 1984.

Kesi yake ndiyo iliyozaa sheria ya California ya mwaka 1939 inayoitwa kwa jina lake, ingawa ilikuwa na matundu mengi, na ilipofika mwaka 2000 tu ndipo ilipotamkwa wazi kwamba mapato ni ya mtoto na kwamba asilimia 15 lazima iwekwe katika amana.

Kwetu watoto wa Kampala wameigiza katika filamu ya Mira Nair ya mwaka 2016 kuhusu msichana wa Katwe anayecheza sataranji, na kule Wakaliga, mtaa wa Kampala, watoto wa hapo huonekana katika filamu za Isaac Nabwana. Sheria yetu ya Ajira ya mwaka 2006 inasema mtoto wa chini ya miaka 14 apewe kazi nyepesi tu, chini ya uangalizi wa mtu mzima, isiyomharibia masomo. Kifungu hicho kinalinda mwili na shule, lakini hakitaji fedha. Malipo yakitumwa kwa simu, laini ina jina la mzazi.

Najua nitajibiwa kwamba mama aliyefunga kibanda chake sokoni Owino ili amsindikize mwanawe kazini naye anastahili kitu. Anastahili kabisa, lakini alipwe kwa jina lake, katika mkataba wake, kama msindikizaji, asijilipe kutoka mfuko wa mtoto. Kuhusu kiwango, asilimia 15 ya malipo ya Hollywood ni mali, ila asilimia 15 ya malipo ya filamu zetu haifiki hata karo ya muhula. Ningetaka nusu iwekwe benki na mtayarishaji mwenyewe kwa jina la mtoto, isiguswe mpaka afikishe miaka 18, isipokuwa kwa karo inayolipwa moja kwa moja shuleni.