Ukianza kumsoma Roscoe Conkling, anzia Forodhani

Wanafunzi wengi wakipewa kazi ya kuandika juu ya mwanasiasa wa Marekani wa karne ya 19 hukimbilia hotuba zake. Kwa Roscoe Conkling, wakili wa mji wa Utica aliyekuwa seneta wa New York kuanzia 1867 hadi 1881, njia hiyo itakupoteza. Alikuwa msemaji hodari kweli, lakini nguvu yake ilitoka Forodhani, yaani ofisi ya kukusanya ushuru katika bandari ya New York. Bandari hiyo ndiyo iliyokuwa ikikusanya sehemu kubwa ya ushuru wa nchi nzima, na watu zaidi ya elfu moja walifanya kazi pale kwa kupendekezwa na wakubwa wa chama cha Conkling, Republican.

Kwa hiyo, kabla hujaandika hata aya moja, chora jedwali la safu tatu: mwaka, cheo cha Conkling, na jina la Mkuu wa Forodha wakati huo. Mwaka 1871 ataingia Chester Arthur, mtu wa kundi la Conkling. Hadi sheria ilipobadilishwa mwaka 1874, mkuu huyo alipata fungu katika faini za wafanyabiashara waliokwepa ushuru, na kipato cha Arthur kilifika takriban dola 50,000 kwa mwaka, sawa na mshahara wa rais. Wafanyakazi wa chini nao walikatwa sehemu ya mishahara yao ikaingia kwenye mfuko wa chama. Mwaka 1878 Rais Hayes alimwondoa Arthur. Mwaka 1881 Rais Garfield akamteua William Robertson kuwa mkuu wa Forodha, hasimu wa Conkling ndani ya chama hicho hicho cha Republican. Isome safu ya tatu peke yake, kuanzia juu hadi chini, na utauona ugomvi wa miaka kumi.

Mahali ambapo wengi huteleza ni tarehe 16 Mei 1881, siku ambayo Conkling na seneta mwenzake, Thomas Platt, walijiuzulu kupinga uteuzi huo. Utasoma kwamba alifanya hivyo kwa hasira tu. Kiburi kilikuwepo, ila kulikuwa na hesabu pia. Hadi mwaka 1913, maseneta walichaguliwa na mabunge ya majimbo, si na wananchi moja kwa moja. Conkling alitarajia bunge la jimbo lililoko Albany limrudishe haraka, ili aende Washington akiwa na kauli ya jimbo lake dhidi ya rais. Hesabu ikamgeuka. Siku mbili baadaye Seneti ilimthibitisha Robertson. Wajumbe wa Albany wakapiga kura wiki baada ya wiki bila mshindi. Tarehe 2 Julai Garfield alipigwa risasi na mtu aliyejitangaza kuwa wa kundi la Conkling, na tarehe 22 Julai kiti cha Conkling kikaenda kwa Elbridge Lapham. Asiyejua utaratibu ule wa uchaguzi hawezi kueleza kilichotokea, hata akiwa na tarehe zote.

Usimtafutie shahada ya sheria. Aliingia ofisi ya mawakili Utica mwaka 1846, akasomea humo, akakubaliwa kuwa wakili mwaka 1850. Hiyo ilikuwa njia ya kawaida.

Kuhusu vyanzo: mijadala ya Kongresi hadi 1873 imo katika Congressional Globe, na baada ya hapo katika Congressional Record. Ukitafuta mashambulizi ya mbunge mwenzake, James Blaine, ya Aprili 1866, pale alipomfananisha Conkling na bata mzinga anayejitutumua, yatafute katika Globe. Usiyaruke ukidhani ni kejeli tu: mwaka 1881 Blaine huyo alikuwa Waziri wa Mambo ya Nje wa Garfield, na yeye na Conkling hawakuwahi kupatana. Wasifu uliotoka 1889 una barua nyingi za thamani, lakini uliandikwa na mtoto wa kaka yake, kwa hiyo kila sifa iliyomo itafutie ushahidi mwingine.

Tahadhari hiyo inamhusu Conkling mwenyewe. Mwaka 1882, mbele ya Mahakama Kuu ya Marekani, alizitetea kampuni za reli katika kesi ya kodi ya San Mateo, kaunti ya California. Alidai kwamba walioandika Marekebisho ya 14 ya Katiba, yanayolinda haki za kila mtu mbele ya sheria, walizifikiria pia kampuni waliposema "mtu", akasoma kutoka daftari la kamati iliyoyaandika, kamati ambayo yeye alikuwa mjumbe wake. Daftari lile lilikuwa bado halijachapishwa. Lilipochapishwa mwaka 1914, wanahistoria waliolilinganisha na maneno yake walikuta alilinukuu kwa namna ya kupotosha. Ukiitumia hotuba hiyo, weka kando yake ukurasa husika wa daftari, na usiandike kwamba Mahakama ilikubaliana naye: kesi ile iliisha bila hukumu.