Kwa nini mgogoro wa mabenki ya India na wafanyakazi wao ulipelekwa baraza moja

Umeuliza kwa nini kila benki haikumalizana yenyewe na wafanyakazi wake kuhusu mishahara. Karani wa Bombay na mwenzake wa Calcutta walifanya kazi ileile, ila kila mkoa ukiamua kivyake, mishahara inapishana. Ndiyo maana mwaka 1949 serikali kuu ikaunda baraza moja la majaji watatu la kuamua mgogoro huo. Uchungu ni kwamba 1951 Mahakama ya Juu ya India ilibatilisha uamuzi wa baraza hilo, kwa kuwa jaji mmoja hakuwepo kwa miezi kadhaa wenzake wakiendelea kusikiliza. Wafanyakazi wakasubiri hadi 1953 kupata uamuzi mwingine! Na mgogoro ukishapelekwa, sheria ya migogoro ya kazi ya 1947 iliipa serikali uwezo wa kupiga marufuku mgomo kuendelea. Hapo mimi naona mfanyakazi aliminywa.